Jina Langoni, Hatimiliki kwa Nani?

Ukisafiri Kiambu, Bungoma, Machakos au Kisii, soma mabango ya shule. A.C.K., P.C.E.A., A.I.C., R.C., S.D.A., Friends, Salvation Army, Mtakatifu huyu na Mtakatifu yule. Mengine yana herufi ambazo vijana wengi hawazielewi tena: D.E.B. Hizo ni Bodi za Elimu za Wilaya za enzi ya mkoloni, zilizosimamia shule ambazo hazikuwa mikononi mwa misheni. Bodi zenyewe hazipo tena, lakini herufi zimebaki langoni. Na kwenye bango hilohilo, juu au chini ya jina la kanisa, limeandikwa jina la Wizara ya Elimu.

Jina la kanisa mfadhili lina uzito. Linaamua sala ya asubuhi itakuwa ya namna gani, nani atakuja kuhubiri, nani ataketi kwenye bodi ya usimamizi, na mara nyingi wanakijiji wanaamini linaamua pia mwalimu mkuu awe muumini wa dhehebu gani. Lakini halisemi ardhi ni ya nani. Mwulize mwalimu mkuu wa shule ya umma yenye miaka 60 akuonyeshe hatimiliki, na mara nyingi atakuonyesha barua ya zamani, nakala ya mchoro wa soroveya, au kumbukumbu za mkutano wa kamati ambayo wajumbe wake wote wamekwisha kufariki.

Kenya imekuwa ikizitenganisha kesi za jina na kesi za ardhi kana kwamba hazijuani. Ugomvi wa mfadhili, wa hijabu, wa Sabato na wa mwalimu mkuu unapelekwa kama suala la imani. Ugomvi wa mpaka, warithi na wanyakuzi unapelekwa kama suala la ardhi. Naamini ni ugomvi mmoja. Serikali ilichukua uendeshaji wa shule za misheni bila kumaliza suala la ardhi iliyo chini ya madarasa, na tangu hapo kila upande umekuwa ukidai kwa kutumia silaha uliyobaki nayo. Kanisa linashika jina, wizara inashika walimu na fedha, warithi wanashika hati ya babu yao.

Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 inagawa shule katika mafungu mawili, za umma na za kibinafsi. Kisha inasema shule za umma ni zile zilizoanzishwa, zinazomilikiwa au zinazoendeshwa na Serikali, zikiwemo shule zenye wafadhili. Askofu anayeisoma sentensi hiyo anaona kazi ya mikono ya waumini imeingizwa kwenye mali ya umma kwa maneno machache. Afisa wa elimu anayeisoma anaona mjadala umefungwa. Mfadhili amepewa wajumbe watatu kwenye bodi ya usimamizi. Amepewa haki ya kusimamia malezi ya kiroho na kuweka kasisi kwa gharama yake mwenyewe, ilmradi alinde imani ya wanafunzi wa madhehebu mengine. Anatarajiwa pia kuchangia fedha na majengo. Kuhusu ardhi, kifungu kinachoeleza kazi za mfadhili kimenyamaza.

Ukimya huo una historia ndefu. Johann Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844, na miaka miwili baadaye kituo cha Rabai kikaanzishwa. Kwa takriban karne nzima baada ya hapo, kanisa na shule vilikuwa kitu kimoja. Maseno ilianzishwa na misheni ya Kianglikana mwaka 1906, Alliance ikafunguliwa Kikuyu mwaka 1926 na muungano wa misheni za Kiprotestanti. Serikali ya kikoloni ilitoa ruzuku na kukagua, lakini aliyefundisha alikuwa katekista, na darasa la Jumatatu ndilo lililokuwa kanisa la Jumapili. Ardhi ilipatikana kwa njia nyingi. Pengine gavana aligawa, pengine misheni ilipewa kibali cha kukaa kwenye hifadhi ya Waafrika, na mahali pengi wazee waliinyoosha fimbo wakasema, jengeni pale.

Kwamba wazee walidhani wametoa kwa ajili ya shule, na misheni ikadhani imepewa misheni, ilidhihirika mwaka 1929 huko Gikuyuni. Misheni ya Kiskoti na wenzake waliwataka walimu na waumini waape kuacha tohara ya wasichana. Maelfu walikataa, wakawaondoa watoto wao, na ghafla watu wakajikuta nje ya madarasa waliyoyajenga kwa mikono yao. Kutokana na hayo zikazaliwa shule huru za Wakikuyu, na mwaka 1939 chuo cha ualimu cha Githunguri chini ya Mbiyu Koinange. Hali ya hatari ilipotangazwa mwaka 1952 shule hizo zilifungwa, na majengo yakaangukia mikononi mwa wengine. Tunapenda kuisimulia habari hiyo kama sura ya mapambano ya uhuru, na ni kweli. Ilikuwa pia kesi ya kwanza kubwa ya swali letu: mtu akitoa shamba lake kwa shule, kisha mwenye bango akabadilisha masharti, shamba linabaki la nani?

Uhuru ulipokuja, Tume ya Ominde ya 1964 ilitaka elimu ya taifa isiyofungwa na dini moja. Sheria ya Elimu ya 1968 ikafuata, na wamisheni waliokuwa mameneja wakawa wafadhili. Uendeshaji wa shule za msingi ukaenda kwa serikali za mitaa, shule za sekondari zikapewa bodi za magavana, na mwajiri wa walimu akawa mmoja kwa nchi nzima, tume ya TSC iliyoundwa mwaka 1967. Ilikuwa hatua kubwa na ya haki. Mtoto wa Kiislamu au wa dini ya jadi hakupaswa tena kubatizwa ili ajue kusoma. Lakini kazi ya kupima mashamba, kutenganisha uwanja wa kanisa na uwanja wa shule na kuandika hati mpya haikufanywa wakati huo, wakati mashahidi walikuwa hai.

Matokeo yake unaweza kuyaona kwa macho katika kituo chochote cha zamani cha misheni. Ndani ya ua mmoja kuna kanisa, nyumba ya padri, zahanati, shule ya msingi, sekondari ya wasichana, makaburi na shamba la kahawa. Hati ni moja, nayo imeandikwa kwa jina la wadhamini waliosajiliwa wa dayosisi. Serikali ikitaka kujenga maabara inaambiwa haiwezi kuweka fedha za umma kwenye ardhi isiyo ya umma. Ripoti za Mkaguzi Mkuu zimerudia kasoro hiyohiyo, majengo yapo na hati hakuna. Kanisa nalo linaogopa kwamba likikubali kukata kipande na kukiandikisha kwa jina la Waziri wa Fedha akiwa mdhamini wa shule, kama ilivyo desturi ya hati za mali ya umma, basi siku ya pili litaletewa mwalimu mkuu asiyelijua, na siku ya tatu litakatazwa kusali kwenye ukumbi. Hofu hiyo si ya bure, nayo haitulizwi na hotuba. Inahitaji maandishi.

Upande mwingine wa nchi mambo ni tofauti, na nadhani ni magumu zaidi. Tuchukue mfano ambao mtu yeyote aliyewahi kukaa kwenye bodi ya shule ya kijijini ataufahamu. Ni mwaka 1974. Mzee mwenye ekari 12 anasimama kwenye baraza la chifu, anasema watoto wamechoka kuvuka mto, chukueni ekari tatu pale juu mjenge. Watu wanashangilia. Kanisa anakosali mzee linaleta mabati na mwalimu wa kwanza, akina mama wanabeba mchanga, vijana wanafyatua matofali, ni zama za Harambee. Shule inapewa jina la kanisa. Hakuna anayepima. Hakuna anayekwenda kwenye Bodi ya Udhibiti wa Ardhi kuomba idhini. Hati ya mzee inabaki vilevile, ekari 12, imefungwa ndani ya sanduku.

Mzee anafariki. Miaka inapita, wajukuu wanafungua kesi ya mirathi, mahakama inathibitisha mgao kwa kufuata hati inayosema ekari 12, na mjukuu mmoja anapata kipande chenye madarasa manne na vyoo. Anauza. Mnunuzi anakuja na soroveya Jumatatu asubuhi.

Sasa kuna madai manne juu ya uwanja mmoja. Kanisa linasema mzee alitupa sisi. Wizara inasema shule ni ya umma. Warithi wanasema babu aliazima, hakutoa. Mnunuzi anasema nimelipa, na hati ninayo. Kila mmoja ana sheria ya kusimamia. Sheria ya Udhibiti wa Ardhi inabatilisha uhamishaji wa ardhi ya kilimo usiopata idhini ya bodi, na ombi la idhini linatakiwa kupelekwa ndani ya miezi sita. Ikiwa aliyepokea zawadi ni kanisa au kamati ya wanakijiji, na si Serikali yenyewe, wakili wa warithi ataanzia hapo. Shule ikijibu kwamba imekaa pale zaidi ya miaka 12, muda ambao sheria ya ukomo wa madai inautambua kwa anayemiliki kwa kukaa, wakili huyohuyo atasema kanuni hiyo ni ya aliyeingia bila ruhusa, na ninyi mliingia kwa ruhusa ya mzee. Inauma kulisikia hilo mahakamani. Ukarimu wa mzee unageuzwa kuwa udhaifu wa shule aliyoipenda.

Kuna pia hoja ya ukoo. Mwaka 2018, katika kesi ya Kiebia iliyotoka Meru, Mahakama ya Juu ilithibitisha kwamba mtu aliyeandikishwa kwenye hati anaweza kuwa anaishikilia ardhi kwa niaba ya wenzake chini ya amana ya kimila. Uamuzi huo umewaokoa wajane na ndugu wengi walioachwa nje ya daftari la ardhi. Lakini katika mgogoro wa shule unaweza kukata pande zote mbili. Familia inaweza kusema babu hakuwa na mamlaka ya kutoa peke yake. Kijiji nacho kinaweza kusema babu alishika ardhi hiyo kwa ajili ya jamii, na jamii iliijengea shule mbele ya macho yake.

Majaji hawakukaa kimya mbele ya udanganyifu wa idhini ya bodi. Katika kesi ya mauzo ya shamba iliyoamuliwa mwaka 2018, Mahakama ya Rufaa ilikataa kumruhusu muuzaji aliyepokea fedha na kumwacha mnunuzi akae kwenye shamba ajifiche baadaye nyuma ya ukosefu wa idhini. Ilisema haki inaweza kuunda amana pale ambapo dhamiri inadai hivyo. Ningependa kuona hoja hiyo ikitumiwa kwa ujasiri zaidi kuzitetea shule. Mtu aliyetazama watoto wakisoma kwenye shamba la babu yake kwa miaka 40, na pengine yeye mwenyewe akasoma hapo, hapaswi kusikilizwa anapodai kwamba hakujua.

Pwani mgogoro una sura yake. Sheria ya hatimiliki ya 1908 ilimtaka kila mwenye dai kwenye ukanda wa maili kumi ajitokeze aandikishwe, na wengi, hasa Wamijikenda, waliachwa nje. Ardhi ikaangukia mikononi mwa wachache waliojua njia ya ofisini, na vizazi vyao vikawa mabwanyenye wasioonekana. Watu waliishi, wakapanda minazi na mikorosho, wakazika wazee wao, wakajenga msikiti na shule, kisha wakaitwa maskwota. Shule iliyojengwa na maskwota ni shule ya skwota, hata ikiwa na bendera ya taifa mbele yake. Waziri akija na ahadi ya hati, wazazi wanauliza kwanza, nyumba zetu zitakuwa wapi? Wana haki ya kuuliza.

Lakini Pwani hiyohiyo ina hazina ambayo nchi nzima ingejifunza kwayo, nayo ni wakfu. Mwislamu akiweka nyumba au shamba wakfu kwa ajili ya madrasa au maskini, mali hiyo haiuzwi, hairithiwi, haitolewi zawadi. Msimamizi ana kazi ya kuitunza, hana haki ya kuila. Kumekuwa na wasimamizi wabaya, na kesi za wakfu zimejaa mahakamani kama nyingine, lakini kanuni yenyewe iko wazi kuliko kitu chochote tulicho nacho kwenye sheria ya elimu. Shule ya umma ingestahili ulinzi wa namna hiyo: ardhi isiyo ya askofu, isiyo ya waziri, isiyo ya ukoo, iliyofungwa kwa kazi moja tu ya kufundishia watoto.

Mgogoro wa imani ulifikia kilele katika Shule ya Sekondari ya St. Paul's Kiwanjani, Isiolo, mji ambao Waislamu ni wengi na shule inafadhiliwa na Kanisa la Methodisti. Mwaka 2014 ombi lilitolewa kwamba wasichana wa Kiislamu waruhusiwe kuvaa hijabu na suruali nyeupe pamoja na sare. Kanisa likaenda Mahakama Kuu ya Meru kupinga, likisema ni ubaguzi kwa wanafunzi wengine na ni kuvunja kanuni za shule. Machi 2015 Jaji Harun Makau alikubaliana na kanisa. Septemba 2016 Mahakama ya Rufaa iliyoketi Nyeri ikapindua uamuzi huo. Tarehe 24 Januari 2019 Mahakama ya Juu nayo ikapindua ule wa rufaa, kwa sababu ya utaratibu: mzazi aliyeingia kwenye kesi kama mhusika mwenye maslahi hakuwa na nafasi ya kuleta madai mapya yake mwenyewe. Jaji Jackton Ojwang alitofautiana na wenzake. Mlango wa kufungua kesi upya uliachwa wazi.

Hesabu ni rahisi. Msichana aliyeingia kidato cha kwanza mwaka 2014 alifanya mtihani wa KCSE mwaka 2017. Mahakama ya Juu ilipotoa neno lake, alikuwa amekwisha kuondoka shuleni, na swali lake halikujibiwa.

Waadventista walipata jibu tofauti. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa iliwakubalia kwamba wanafunzi wao katika shule za umma waheshimiwe Sabato, tangu jua kutua Ijumaa hadi jua kutua Jumamosi, baada ya Mahakama Kuu kuwa imewakatalia. Ukiziweka kesi hizi pamoja unaona jambo ambalo kanisa lolote lenye shule linapaswa kulitafakari. Dhehebu linalodai uhuru wa dhamiri kwenye shule ya mwenzake haliwezi kumnyima mtoto wa mwenzake uhuru huohuo kwenye shule yake. Katiba ya 2010 haikuandika vifungu vya 27 na 32 kwa ajili ya wenye mabango.

Na kila mara ugomvi wa imani unapochacha, hoja ya mwisho ya mfadhili huwa ileile: hii ni ardhi yetu. Waumini wanafunga lango kumkataa mwalimu mkuu aliyeletwa na TSC, na kwenye mabango ya maandamano huandika jina la dhehebu. Hapo ndipo swali la ardhi linajitokeza kutoka chini ya zulia. Wakiulizwa hati, wakati mwingine wanayo. Wakati mwingine hati ni ya halmashauri ya kaunti ya zamani, iliyotengewa kipande hicho wakati wa kuunganisha mashamba katika miaka ya 1950. Na wakati mwingine hati ni ya mtu ambaye hakuna aliyewahi kumsikia.

Huyo wa mwisho ndiye wa kuogopwa. Ripoti ya Tume ya Ndung'u, iliyokabidhiwa mwaka 2004, ilieleza jinsi ardhi ya umma ilivyogawiwa kama njugu kwa wenye uwezo, viwanja vya shule vikiwemo. Tarehe 19 Januari 2015 wanafunzi wa shule ya Lang'ata Road, Nairobi, walirudi kutoka likizo wakakuta ukuta umejengwa kwenye uwanja wao wa kuchezea. Walipousukuma ukuta huo, polisi waliwarushia vitoa machozi. Ni watoto wa shule ya msingi, wengine hawajafika umri wa kubalehe, wanasugua macho kando ya barabara. Picha zilizunguka dunia, Waziri wa Usalama Joseph Nkaissery akaomba radhi, na Rais Uhuru Kenyatta akaagiza shule za umma zipewe hati. Asasi za kiraia na taasisi za serikali zikaungana chini ya kampeni ya Shule Yangu.

Hati zimetolewa tangu wakati huo, nyingi kuliko awali, lakini kazi iliyobaki bado ni kubwa. Soroveya anahitaji malipo, na shule ya kijijini haina fungu la kumlipa. Jirani amesogeza ua kidogo kidogo, na kupima ni kuanzisha vita. Na kwa shule zenye mfadhili, swali la jina gani liandikwe linaweza kuisimamisha kazi yote. Tume ya Kitaifa ya Ardhi ilikuwa na mamlaka ya kuchunguza upya hati za ardhi ya umma zilizotolewa kinyume cha sheria, lakini sheria iliipa miaka mitano tu. Muda huo ulikwisha mwaka 2017, na mengi yaliyobaki yalirudi mahakamani.

Kwa bahati njema mahakama zimekuwa kali. Kifungu cha 26 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinaruhusu hati kubatilishwa ikiwa ilipatikana kinyume cha sheria, bila kufuata utaratibu au kwa njama za ufisadi. Katiba, kifungu cha 40(6), hailindi mali iliyopatikana isivyo halali. Tarehe 21 Aprili 2023, katika kesi ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa, Mahakama ya Juu iliamua kwamba mnunuzi hawezi kujificha nyuma ya hati yake ikiwa mgao wa kwanza kabisa ulikuwa na dosari. Ardhi iliyogombaniwa katika kesi hiyo, huko Nyali, iligawiwa kwanza kwa Rais Daniel arap Moi, na hilo halikuiokoa. Miezi michache baadaye, katika kesi ya Torino, mahakama hiyohiyo ilisema barua ya mgao peke yake haimpi mtu umiliki.

Hukumu hizo ni ngao ya shule, lakini zina makali upande wa pili. Shule nyingi za umma zenyewe zinashikilia barua ya mgao tu. Makanisa mengi yana hati ambazo mzizi wake ni kibali cha mkoloni au neno la chifu. Anayedai kwamba mwenzake aeleze alipataje ardhi, ajitayarishe kuulizwa vivyo hivyo.

Wakati huohuo masharti ya usajili yanazidi kukaza. Anayetaka kusajili shule anatakiwa kuleta ushahidi wa umiliki au mkataba wa kukodi, ripoti ya afisa wa afya na idhini ya bodi ya elimu ya kaunti. Ukubwa wa kiwanja unaangaliwa. Ni masharti mema, kwa maana shule isiyo na uwanja wala vyoo vya kutosha inamdhulumu mtoto. Lakini Mathare, Kibera na Mukuru ardhi hiyo haipo. Vyumba vya mabati vinavyofundisha watoto wa wafanyakazi wa Nairobi vimesimama kwenye ardhi ya serikali, ya reli, ya bwanyenye, au ya mtu aliyepewa hati bila kukanyaga hapo. Sera ya 2009 ya elimu mbadala ilikuwa jaribio la kuzitambua shule za namna hiyo kwa masharti mepesi zaidi. Tangu sekondari ya chini iwekwe ndani ya shule za msingi mwaka 2023, hata shule kongwe zenye ekari zake zinatafuta mahali pa kujenga maabara, na kila futi ya uwanja imekuwa na thamani mpya. Wanyakuzi wanalijua hilo kabla ya wizara.

Watanzania wanaosoma makala haya watashangaa ugomvi huu. Kwao Sheria ya Elimu ya 1969 ilizitaifisha shule za misheni waziwazi, na ardhi yote ilikuwa tayari ya umma. Makanisa yaliumia, na baadaye yakafungua shule zake mpya kwa wingi. Sisemi njia hiyo ilikuwa bora. Nasema ilijibu swali. Kenya ilichagua njia ya upole ya ufadhili, ikamwachia kila mtu kipande cha jibu, na sasa vipande vinagongana.

Naona njia ya kutoka, nayo haihitaji miujiza. Bunge liandike kwenye sheria ya elimu kwamba ardhi yoyote iliyotumiwa na shule ya umma kwa muda mrefu, iwe ilitolewa na mzee, na misheni au na halmashauri, ni amana ya shule hiyo, na haiwezi kuuzwa, kurithiwa wala kubadilishwa matumizi. Pale ambapo familia ina dai la kweli, Serikali ilipe fidia ya haki kwa njia ya utwaaji wa ardhi, kama Katiba inavyotaka, badala ya kuwaachia watoto kesi. Pale ambapo hati ni ya kanisa, kipande cha shule kikatwe, na kanisa lipewe mkataba ulioandikwa na kusajiliwa, unaolihakikishia nafasi yake ya malezi, matumizi ya ukumbi siku za ibada, na jina lake kwenye bango. Kanisa lililojenga shule miaka 100 iliyopita linastahili heshima hiyo kwa maandishi. Halistahili kuichagulia Serikali mwalimu mkuu, wala kumvua msichana hijabu.

Wabunge hawatalifanya hilo wasiposukumwa. Kwa hiyo neno langu la mwisho ni kwa wazazi na wajumbe wa bodi za shule. Nendeni kwenye ofisi ya ardhi ya kaunti yenu, au kwenye mfumo wa Ardhisasa pale ulipofika, mkafanye upekuzi rasmi wa kiwanja cha shule yenu. Andikeni jina mtakalolikuta. Waulizeni wazee waliobaki ni nani aliyetoa ardhi hiyo, kwa nani na mbele ya nani, na wakubali kuapa mbele ya wakili wakingali hai. Fanyeni hivyo muhula huu, kabla ya soroveya wa mtu mwingine kufika, na matokeo yasomwe mbele ya wazazi wote kwenye mkutano mkuu wa shule.